Upendeleo wa bei au fungu lililotengwa: chama cha ushirika kiingie zabuni kwa mlango upi?

Weka magunia mawili ya dagaa sambamba kwenye sakafu ya ghala pale soko la Mwaloni, Kirumba, jijini Mwanza, yafungue midomo, kisha chota konzi moja kutoka kila gunia. Dagaa wa gunia la kwanza walikaushwa juu ya chanja na wanang'aa. Wa gunia la pili walianikwa mchangani, na ukiwapepeta juu ya sinia utabaki na mchanga wa kutosha kujaza kikombe. Tofauti ya gharama kati ya magunia hayo mawili ndiyo inayokiangusha chama cha ushirika cha wavuvi kinapoingia kwenye zabuni ya kulisha shule ya bweni, kwa sababu aliyekausha juu ya chanja amelipia mbao, nyavu na kibarua wa kugeuza, ilhali mpinzani wake amelipia mtu wa kufagia tu.

Kutokana na pengo hilo, kila mkutano mkuu wa chama kando ya Ziwa Victoria, kuanzia Igombe hadi Ukerewe, haukosi mjumbe anayesimama na kudai kwamba vyama vya ushirika vipewe upendeleo wa bei katika ununuzi wa umma. Dai hilo lina msingi, lakini upendeleo wa bei ni mlango mmoja tu kati ya milango kadhaa, na mara nyingi si ule unaokifaa chama chenyewe. Hapa chini nimeweka milango hiyo sambamba, nikitumia hesabu moja ya mfano ili bodi iweze kubadilisha tarakimu na kuweka zake.

Hesabu yenyewe ni hii. Shule inahitaji kilo 4,000 za dagaa wakavu kwa muhula mmoja. Mfanyabiashara binafsi anaomba Sh 9,000 kwa kilo, yaani Sh 36,000,000 kwa jumla. Chama kinatumia Sh 9,400 kwa kilo mpaka mzigo ufike stoo ya shule, kwa hiyo hakiwezi kushuka chini ya hapo bila kula mtaji wa wanachama.

Upendeleo wa bei

Katika upendeleo wa bei, sheria inaiagiza kamati ya tathmini ilinganishe zabuni baada ya kumwongezea asilimia fulani mzabuni asiyestahili upendeleo, au kumpunguzia anayestahili. Jambo ambalo wajumbe wengi wa bodi hulielewa vibaya ni kwamba asilimia hiyo huishia kwenye karatasi ya tathmini. Haiongezwi kwenye malipo. Chama kikishinda kitalipwa bei ileile kilichoiandika, wala hakuna nyongeza itakayoingia benki baadaye.

Tuseme upendeleo ni asilimia 10 na chama kimeomba Sh 9,720 kwa kilo, yaani Sh 38,880,000, ambayo ni asilimia 8 juu ya bei ya mfanyabiashara. Bei ya mfanyabiashara itasomwa kana kwamba ni Sh 39,600,000, na chama kitashinda kwa tofauti ya Sh 720,000. Shule italipa Sh 2,880,000 zaidi ya ambavyo ingelipa kama kusingekuwa na upendeleo, na chama kitabaki na ziada ya Sh 320 kwa kila kilo, yaani Sh 1,280,000 kwa mzigo wote.

Sasa angalia jinsi neno moja la kanuni linavyoweza kugeuza matokeo. Chama kingeomba Sh 10,000 kwa kilo, jumla ingekuwa Sh 40,000,000. Kama kanuni inasema asilimia 10 iongezwe kwa mpinzani, chama kimeshindwa, kwa sababu 39,600,000 ni ndogo kuliko 40,000,000. Kama kanuni inasema asilimia 10 ipunguzwe kwenye bei ya chama, bei hiyo inasomwa kuwa Sh 36,000,000 kamili, na chama kimefungana na mpinzani wake shilingi kwa shilingi. Asilimia ni ileile na bei ni zilezile, lakini matokeo si yaleyale. Kwa hiyo anayetetea upendeleo wa bei mbele ya mbunge au mbele ya mrajis wa vyama vya ushirika asiishie kutaja asilimia. Aseme pia inahesabiwa kutoka upande gani.

Mfano unaotajwa mara nyingi na wanaushirika ni wa jimbo la Kerala nchini India, ambako vyama vya ushirika vya vibarua wa ujenzi vimekuwa vikipewa upendeleo wa asilimia 10 dhidi ya wakandarasi binafsi. Kimojawapo, Uralungal, kilianzishwa mwaka 1925 na leo kinajenga barabara na madaraja. Mfano huo ni mzuri, lakini usihamishwe mzimamzima. Katika chama cha vibarua, mwenye kazi ndiye mwenye chama, na pengo la bei linapofidiwa, fedha hiyo huenda moja kwa moja kwenye ujira wake. Katika chama cha wavuvi, kabla fedha haijamfikia mama anayegeuza dagaa juani, inapita kwa mwenye mtumbwi, kwa muuza mafuta ya injini, kwa fundi wa taa na kwa mwenye gari. Chama kinachodai upendeleo kwa jina la wanachama wake kinapaswa kuwa tayari kuonyesha kwenye vitabu kwamba wanachama ndio walioupata.

Sheria yetu imesimama wapi? Sheria ya Ununuzi wa Umma, Na. 10 ya mwaka 2023, pamoja na Kanuni zake za mwaka 2024, inatambua upendeleo, lakini upendeleo wa bei uliomo umejengwa juu ya utaifa wa mzabuni na asili ya bidhaa, na si juu ya ushirika. Mfanyabiashara wa Kirumba na chama cha ushirika cha Ukerewe wote ni Watanzania, na dagaa wao wametoka ziwa moja. Kati yao wawili upendeleo huo haumsaidii yeyote.

Fungu lililotengwa

Mlango wa pili upo tayari na uko wazi. Taasisi nunuzi zinatakiwa kutenga asilimia 30 ya thamani ya ununuzi wao wa mwaka kwa ajili ya makundi maalumu, yaani wanawake, vijana, wazee na watu wenye ulemavu. Zabuni za fungu hilo hushindaniwa na makundi hayo peke yao, kupitia NeST, yaani mfumo wa kielektroniki wa ununuzi wa umma, na mfanyabiashara mwenye magari kumi hana ruhusa ya kuingia.

Uzuri wake ni kwamba pengo la bei na mfanyabiashara halina kazi tena. Kikundi kinaweza kuomba Sh 10,000 kwa kilo bila kuogopa mtu wa Sh 9,000, kwa kuwa mtu huyo hayumo uwanjani. Kasoro yake, kwa upande wa mnunuzi, ni kwamba gharama ya ziada haionekani. Katika upendeleo wa bei wa asilimia 10 unaoongezwa kwa mpinzani, shule inajua tangu mwanzo kwamba haitazidisha asilimia 10 juu ya bei ya chini. Katika fungu lililotengwa hakuna bei ya mfanyabiashara ya kulinganishia, na kama afisa ununuzi hakupita sokoni kuuliza, anaweza kulipa asilimia 20 zaidi na asijue. Nawaambia wanavyama wenzangu jambo hili si kwa ajili ya kumtetea mnunuzi, bali kwa sababu bei iliyopita kiasi muhula huu ndiyo hoja ya kuwanyima kazi muhula ujao.

Kwa upande wa chama cha ushirika, ugumu ni mwingine. Chama kilichosajiliwa kwa Sheria ya Vyama vya Ushirika, Na. 6 ya mwaka 2013, kwa kawaida kina wanachama mchanganyiko: wanaume wa mitumbwi, wanawake wa chanja, vijana wa taa na wazee wenye hisa za zamani. Chama cha namna hiyo si kundi maalumu. Kinachowezekana ni wanawake wakaushaji, ambao tayari wanafanya kazi pamoja, kujisajili kama kikundi, kuomba zabuni kwa jina lao, na kununua dagaa kutoka kwenye chama ambacho baadhi yao ni wanachama.

Njia hiyo ni halali ikiwa kikundi ni cha kweli, na ni hatari ikiwa ni cha kuchorwa. Ukitaka kupima, uliza nani ana mamlaka ya kutia saini benki na nani anakaa na kitabu cha mapokezi. Kama majibu yote mawili yanarudi kwa mwenyekiti wa chama, basi kikundi hicho ni mfuko wa pembeni, na siku ya ukaguzi kitazama pamoja na chama. Nimewahi kukaa kwenye kikao ambacho wanawake kumi na wawili walisomewa kwa mara ya kwanza mkataba waliokwisha kuutekeleza kwa miezi miwili. Mmoja wao aliuliza kwa upole kama hizo fedha zilikuwa nyingi, na hakuna aliyemjibu.

Kuna pia suala la ukubwa. Vikundi hupewa zabuni ndogo ndogo, na ni sawa kwa kuanzia, lakini chama chenye uwezo wa kulisha shule tano kitadumaa kikikaa hapo. Kinachonisumbua zaidi ni kwamba wanawake wakishakuwa na kikundi kinachoshinda zabuni, wanaanza kujiuliza kwa nini wabaki kwenye chama, na hoja yao ina nguvu.

Nafasi ya kuifikia bei ya chini

Mlango wa tatu haupo kwetu kwa ajili ya ushirika, lakini unastahili kujulikana, kwa sababu watunga sera huupenda: hauigharimu hazina hata senti. India, kwa amri ya mwaka 2012 kuhusu biashara ndogo sana na ndogo, humruhusu mzabuni mdogo ambaye bei yake haijazidi asilimia 15 juu ya bei ya chini kuitwa na kuulizwa kama yuko tayari kushuka mpaka kwenye bei hiyo. Akikubali, hupewa asilimia 25 ya mzigo. Brazil ina utaratibu unaofanana, uliowekwa mwaka 2006 kwa biashara ndogo na kupanuliwa mwaka 2007 ukajumuisha vyama vya ushirika: bei iliyo ndani ya asilimia 10 huhesabiwa kuwa imefungana, au asilimia 5 katika minada ya kushindana kushusha bei, na mdogo hupewa nafasi ya kushuka chini ya mkubwa.

Turudi kwenye dagaa wetu. Chama kimeomba Sh 40,000,000, kiko ndani ya asilimia 15, kwa hiyo kinaitwa. Kinapewa kilo 1,000 kwa Sh 9,000. Gharama yake ni Sh 9,400. Kimepata zabuni, na kimepata hasara ya Sh 400,000.

Nadhani mfano huo unatosha kuonyesha mlango huu unamfaa nani. Unamfaa aliyepandisha bei kwa woga au kwa kutojua soko, ambaye ana nafasi ya kushuka. Chama ambacho bei yake ni kubwa kwa sababu gharama zake ni kubwa kweli hakina cha kushusha, isipokuwa kirudishe dagaa mchangani.

Pointi badala ya asilimia

Afrika Kusini haitumii nyongeza ya bei bali pointi. Kwa zabuni za hadi randi milioni 50, pointi 80 ni za bei na 20 ni za malengo mahususi yaliyotajwa na taasisi inayonunua. Juu ya kiasi hicho ni 90 kwa 10. Kwa kuwa pointi za bei hupungua kwa kadiri bei inavyozidi ile ya chini, pointi 20 zote zikienda kwa mzabuni mmoja na mwenzake akikosa kabisa, ni sawa na kumvumilia mpaka pengo la asilimia 25. Chama chetu kwa bei ya Sh 40,000,000 kingepata pointi 71.1 za bei na 20 za malengo, jumla 91.1, dhidi ya 80 za mfanyabiashara. Kwa macho ya chama huu ni ukarimu mkubwa, na ndiyo maana mivutano huhamia kwenye swali la nani anastahili hizo pointi 20. Afisa ununuzi wa halmashauri ya wilaya aliye peke yake mezani asitwishwe mzigo huo.

Upo utaratibu mwingine ambao binafsi ningependa kuuona kwenye mwambao huu kuliko yote niliyoyataja. Sheria ya Brazil ya mwaka 2009 kuhusu chakula cha shule ilielekeza kwamba angalau asilimia 30 ya fedha za chakula zinazotoka serikali kuu zinunue mazao ya wakulima wadogo wa familia, na vyama vyao vya ushirika vinaruhusiwa kuuza. Bei hutafutwa sokoni kwanza na kutangazwa mapema. Wauzaji hawashindani kwa kushusha bei, na walio karibu hutangulizwa. Kwa dagaa, ambao bei yao hupanda na kushuka pamoja na mbalamwezi, bei iliyotangazwa na kukubalika pande zote mbili ni ya thamani kuliko asilimia 10 ya karatasini.

Kile ambacho hakuna mlango unaokitibu

Tuchukue ule mlango ulioonekana mtamu, upendeleo wa asilimia 10, na ziada yake ya Sh 1,280,000. Ili kupeleka kilo 4,000 mwanzoni mwa muhula, chama kinahitaji Sh 37,600,000 mkononi. Kama fedha hiyo ni mkopo wenye riba ya asilimia 1.5 kwa mwezi, kila mwezi wa kusubiri malipo unakula Sh 564,000. Shule ikilipa baada ya miezi miwili, chama kinabaki na Sh 152,000. Ikilipa baada ya mitatu, riba ni Sh 1,692,000, na ushindi wote umegeuka deni. Juu ya hapo, kodi ya zuio ya asilimia 2 inayokatwa kwenye malipo ya bidhaa zinazouzwa kwa Serikali itazuia Sh 777,600 ambazo chama kitazihesabia baadaye kwenye kodi yake, lakini leo hakinazo.

Mfanyabiashara wa Kirumba huvumilia ucheleweshaji kwa sababu ana bidhaa nyingine zinazomwingizia fedha ya kila siku. Chama kina mali moja na wanachama wanaotaka kulipwa jioni ileile. Ndiyo maana naiambia kila bodi inayoniuliza kwamba kabla ya kuuliza asilimia ngapi za upendeleo, iulize siku ngapi za malipo.

Wapo wanaosema kwamba ushirika wa kanda hii ulikua kwa sababu soko lake lililindwa, na kwamba bila ulinzi hauwezi kusimama. Ni kweli kwamba muungano wa vyama vya pamba ulioanzishwa mwaka 1955 chini ya uongozi wa Paul Bomani ulikuwa na nguvu ambayo chama chochote cha leo kingeitamani. Lakini vyama vikuu vilivunjwa kwa uamuzi wa Serikali mwaka 1976, na vikaruhusiwa tena kwa sheria ya mwaka 1982. Aliyejenga hesabu zake zote juu ya ulinzi aliamka hana kitu. Chama kifanye mchanganuo wa bei kana kwamba upendeleo haupo, kisha kiupokee kama nyongeza pale unapokuwepo.

Kuchagua

Ikiwa pengo kati ya gharama za chama na bei ya sokoni haliwezi kuzibwa kwa kununua kwa pamoja na kusafirisha kwa pamoja, na ikiwa wanawake wakaushaji wana uongozi wao wa kweli, waingie kupitia fungu la makundi maalumu, na mkataba kati yao na chama uandikwe kabla ya zabuni, ukitaja bei ya kununulia dagaa na nani anabeba hasara mzigo ukikataliwa. Ikiwa pengo ni dogo na chama kina akiba inayoweza kukaa nje kwa miezi miwili, kiingie kwenye zabuni ya wazi kwa jina lake, na badala ya kusubiri upendeleo kipiganie masharti ya ubora. Sharti la dagaa waliokaushwa juu ya chanja, bila mchanga, likiandikwa kwenye nyaraka za zabuni, litamlazimisha mfanyabiashara naye alipie mbao na kibarua, na pengo la bei litapungua bila sheria kubadilishwa. Shauri hilo lipelekwe shuleni mapema, wakati mpango wa ununuzi wa mwaka unaandaliwa, maana zabuni ikishatangazwa ni vigumu kubadilisha masharti yake.

Katika mlango wowote ule, yapo mambo mawili ya kukamilishwa kabla tangazo halijatoka. La kwanza ni ukomo wa madeni. Chama hakiwezi kukopa mtaji wa zabuni zaidi ya ukomo uliopitishwa na mkutano mkuu na kuidhinishwa na mrajis, na mkutano mkuu hauitishwi kwa siku tatu. Bodi iliyoshinda zabuni ya milioni 38 huku ukomo wake ni milioni 15 imejifunga mwenyewe, na afisa ushirika hana namna ya kuisaidia.

La pili ni ratiba ya kupokea mzigo. Dagaa huvuliwa usiku wa giza. Mbalamwezi ikikaa, mitumbwi hulala ufukweni na bei pale Mwaloni hupanda. Mkataba unaodai mzigo ufike tarehe 1 ya kila mwezi utakikuta chama mwezi huu kikiwa na ghala lililojaa, na mwezi mwingine kikinunua kwa wachuuzi kwa bei inayozidi ile ya mkataba. Omba shule ipokee mzigo katika wiki inayofuata giza, au omba upokelewe mara mbili tu kwa muhula, na tarehe hizo ziingizwe kwenye jedwali la mkataba kabla mwenyekiti hajatia saini.